Mdhamini Aliyeliliwa Angali Hai

"Kwa moyo uliopondeka na kwa machozi yasiyo na kizuizi, washirika wote wa Kanisa la Nuru ya Bonde, Nakuru, wakubwa kwa wadogo, wenye viatu na wasio na viatu, wanatangaziwa kwamba nguzo imeanguka. Mzee Micah Khaemba, mshika bendera mstaafu wa Reli, mdhamini pekee aliyesalia wa Nyumba ya Wajane, ametutoka huko Kabazi, kwa utulivu, akiwa na akili zake zote. Neno lake la mwisho lilikuwa hili: Watakaa benchi moja siku nitakapokufa. Mwili wake utawasili Jumanne alasiri kwa lori la mahindi. Waombolezaji wanaombwa kuja na vikombe vyao."

Tangazo hilo liliposomwa, marehemu alikuwa ameketi juani nje ya nyumba ya binti yake, anakula hindi la kuchoma na kulalamika kwamba limeungua upande mmoja.

Hata hivyo, ile sentensi ya lori ilikuwa kweli tupu. Mwili wa Mzee Micah ungewasili Jumanne alasiri kwa lori la mahindi, na mwenyewe angekuwa ndani yake, kama kawaida.

Msomaji wa tangazo, na mtungaji wake, alikuwa Dalmas, mwana wa marehemu Ochola aliyekuwa akichochea moto kwenye injini za treni. Alikuwa likizoni kutoka shule ya bweni huko Nyanza, shule iliyomfundisha Kilatini kidogo, kuoga maji ya baridi, na kutangaza. Muhula uliopita alikuwa ametangaza bwenini kwamba mkaguzi wa elimu yuko njiani, na shule nzima ikashinda ikipaka chokaa mawe ya bustani. Alichapwa. Lakini mawe yalibaki meupe, na Dalmas akaondoka na somo baya sana kichwani: kwamba uongo ukisemwa kwa sauti nzuri huacha nyuma yake kazi ya maana.

Nyumba ya Wajane ilikuwa safu ya vyumba vya mawe nyuma ya yadi ya treni. Reli ilikuwa na adabu zake siku hizo. Mfanyakazi akifa, ilitoa jeneza, ikatoa pole, kisha ikamtaka mjane ahame nyumba ya kazi kabla mwezi haujaisha. Washirika wa kanisa lile walipochoka kuwasindikiza wanawake stesheni na masufuria yao, walijichanga, wakakodi ploti ya Manispaa, wakajenga. Nyumba ikawekwa wakfu kwa ajili ya wajane wa reli, chini ya wadhamini watatu. Hati ilisema wadhamini wasipungue watatu. Wakipungua, aliyesalia awataje wengine miongoni mwa wanaume wa kanisa, nao wakubali kwa vinywa vyao mbele ya korti. Wasipopatikana, ploti irudi Manispaa pamoja na kilicho juu yake. Wadhamini wawili walikwisha kufa. Alisalia Mzee Micah, aliyekaa chumba cha mwisho na mkewe Nabalayo, na kushika funguo za vyumba vyote.

Awuor, mama yake Dalmas, alikaa chumba kilichofuata, yeye na cherehani yake. Kwa cherehani hiyo aliwashonea kaptula watoto wa lokesheni, mtaa wa wafanyakazi Waafrika, na kaptula hizo ndizo zilizomweka Dalmas shuleni. Nje ya chumba kile alikuwa na mahali pamoja tu pa kwenda: kijijini, kwa shemeji yake, aliyekwisha tuma salamu kwamba kitanda kipo na mke wa tatu si mwiko. Awuor alikuwa amemjibu kwa kukata kaptula nyingine.

Sasa, kanisa lilikuwa limepasuka. Lilipasuka juu ya ngoma. Mzee Odero, karani wa bohari la mizigo, alitaka ngoma ipigwe katika ibada. Kimaiyo, fundi wa breki, alikuwa amenunua kinanda kwenye mnada wa mzungu mmoja wa Molo, na hakukinunua ili kifunikwe na ngoma. Watu wa ngoma wakaanza kusali asubuhi, watu wa kinanda mchana, na kila upande ukaenda kortini kudai kwamba wenyewe ndio kanisa, na kwamba wakfu wa Nyumba ya Wajane ni wao kuusimamia. Bati la chumba cha Awuor lilipotoboka, watu wa ngoma walileta ngazi. Watu wa kinanda wakaleta amri ya korti ya kuizuia ngazi. Mvua haikupewa amri yoyote, ikaendelea.

Jaji naye alikuwa amechoka. Alisema kesi itasikizwa mara moja tena, mwisho wa Agosti ile ya mwaka hamsini na saba. Mzee Micah aje na majina mawili, na wenye majina wakubali. La sivyo, ploti irudi Manispaa.

Majina alikuwa nayo. Kila mtu aliyajua. "Nitamtaja Odero wa ngoma na Kimaiyo wa kinanda," alikuwa akisema, "siku nitakapowaona wamekaa benchi moja bila wakili katikati yao." Na wale wawili wasingekaa hata kwenye treni moja.

Siku Mzee Micah aliposafiri kwenda Kabazi, Dalmas alimbebea kikapu hadi kwenye lori.

"Mzee, kesi ni wiki ijayo, na wewe unaenda kula mahindi?"

"Binti yangu amejifungua. Mtoto hamngoji jaji. Nitarudi Jumanne kwa lori hilihili."

"Na hao wazee wako wawili?"

Mzee Micah alikuwa amekwisha panda juu ya magunia. Alicheka, akamwinamia kijana kana kwamba anampa siri ya serikali. "Hao? Watakaa benchi moja siku nitakapokufa, Dalmas. Si kabla. Wewe na shule yako, nifanyie hesabu hiyo."

Lori likaondoka. Dalmas aliifanya hesabu hiyo njiani akirudi nyumbani, na kabla hajafika yadi ya treni alikuwa amepata jibu, tena jibu zuri, lenye mchezo ndani yake. Nchi ilikuwa katika Hali ya Hatari na mikutano ilihitaji kibali, lakini msiba haukunyimwa kibali. Mzee akifa Jumapili, wazee wangekuwa benchi moja kufikia Jumatatu. Jumanne angeshuka kwenye lori na kuwakuta wamekumbatiana. Kelele kidogo, kicheko kikubwa, majina mawili, na mama yake angewekewa bati jipya. Labda hata yeye Dalmas angechapwa. Alikuwa tayari kwa hilo, kama mashujaa wote.

Ni yeye tu ambaye pande zote mbili zilimruhusu kusoma matangazo. Watu wa ngoma walimwona mtoto wao. Watu wa kinanda walipenda jinsi alivyotamka. Kwa hiyo alisoma asubuhi, akasoma mchana, na walipomwuliza habari zimefikaje, alisema dereva wa lori la maziwa ndiye aliyeleta ujumbe.

Alikuwa ametegemea huzuni ya kiasi.

Nabalayo alikuwa nyuma ya kanisa akisuuza vikombe. Alikaa chini palepale kwenye matope, akanyoosha miguu, akavua kitambaa chake cha kichwa, na ikamtoka sauti ambayo Dalmas hakuwahi kuisikia shuleni wala kwingineko. Wanawake waliichukua, mmoja baada ya mwingine, hadi ikavuka yadi ya treni. Dalmas alipiga hatua kumwendea. Alitaka kumnong'oneza, "Bibi, nyamaza, ni mambo ya Jumanne tu." Lakini watu walikuwa wamekwisha kumzunguka, na ulimi wake, ambao kwa kawaida ulimtangulia kila mahali, ulibaki nyuma. Jumanne si mbali, alijiambia.

Na kweli, mambo mengine yalikwenda kama alivyopanga. Odero alimkuta Kimaiyo mlangoni pa Nyumba ya Wajane. Walitazamana. Kimaiyo alisema, "Baba yetu, Odero," na mwenzake akamshika mkono, wakaingia ndani pamoja, wakakaa benchi moja. Ngoma ikapigwa na kinanda kikalia, kwa mara ya kwanza katika wimbo mmoja. Awuor alilia hadi macho yakavimba.

"Ufunguo wa chumba hiki," alimwambia mwanawe, "aliniwekea mkononi Mzee mwenyewe. Baba yako hata hakuwa amezikwa. Akasema, shemeji, hapa hakuna wa kukufukuza."

"Mama..."

"Nini?"

"Hakuna. Kunywa chai."

Jumatatu asubuhi wazee walichukua majembe na sururu. Hili Dalmas hakulipigia hesabu. Bwenini watu hawachimbi.

"Wazee, si mngojee mwili kwanza?" aliwauliza, akikimbia kando yao kuelekea makaburini.

"Kijana," Odero alisema, "chini ya udongo wa Nakuru kuna mwamba. Tukingoja Jumanne tutazika kwa taa. Nyinyi wa shule mnafikiri shimo hujichimba?"

Walichimba kwa zamu. Odero aliingia shimoni, akatoka, akampa Kimaiyo sururu. "Shika, ndugu yangu." Kwa miaka miwili majina waliyoitana hayakuwa ya kusemwa mbele ya watoto. Dalmas alisimama ukingoni akitazama shimo likienda chini. Aliona ndani yake, kwa mara ya kwanza, kwamba mzaha wake una kina.

Lori lilifika Jumanne alasiri. Watu walikuwa wamejaa langoni pa Nyumba ya Wajane, wakiwa na mikeka, vikombe, na shuka nyeupe ya kufunikia jeneza. Dereva alizima injini. Kutoka juu ya magunia alishuka Mzee Micah, mgongo kwanza, kikapu mkononi na kuku hai kwapani. Aliwatazama watu, akaitazama shuka, akavua kofia kwa heshima.

"Nani amekufa?" aliuliza.

Dalmas alikuwa amejipanga kucheka wa kwanza ili wengine wamfuate. Alicheka. Kicheko kilitoka kimoja, kikaanguka, hakuna aliyekiokota. Wanawake walipiga mayowe, wakakimbia. Nabalayo peke yake alikwenda mbele, mikono imenyooshwa, lakini wajane wawili walimdaka kiunoni na kumrudisha nyuma.

"Mzee," Odero alisema, "simama hapohapo."

"Hapohapo wapi? Odero, una homa? Kile pale ni chumba changu. Niondokeeni, nimebanwa na choo."

"Umeliliwa, Mzee. Siku tatu. Kaburi lako liko wazi."

Wengi wa washirika wale walikuwa watu wa magharibi, na wote walijua jambo ambalo Dalmas, kwa kukulia lokesheni na bwenini, alilisikia utotoni akalisahau kama hadithi za fisi. Mtu aliyeliliwa haingii kwa mlango. Mkono wake haushikwi. Na baya kuliko yote, jina lako lisitoke kinywani mwake, kwa sababu anayetajwa na mtu wa namna hiyo anaitwa amfuate.

Kulikuwa na njia, na Odero aliieleza pale langoni kwa sauti ya chini, akitazama kando. "Kondoo mmoja tu, Mzee. Na yule fundi wa tambiko wa Kimilili. Anakupitisha nyuma ya nyumba, anakunyunyizia, yamekwisha. Hata wahubiri wanafanya, wanafanya gizani."

"Na mimi nilimfanya nini yule mshirika wetu aliyechinja kondoo wa namna hiyo?"

Odero alijisogeza nyuma ya Kimaiyo.

"Nilimfanya nini, Kimaiyo?"

"Ulimtoa kanisani, Mzee."

"Nilimtoa mbele ya watoto wake. Akafa bila kanisa, na mimi sikwenda kumzika." Mzee Micah alimweka kuku chini. "Sasa leo zamu yangu imefika, mnataka nichinje?"

Hakuchinja. Nao hawakumfungulia. Kesho yake, kwa sababu kaburi lililochimbwa haliachwi wazi likimwita mtu, wazee walikata mgomba, wakauvisha koti kuukuu la Mzee, wakauzika. Walifanya hivyo pamoja, ngoma na kinanda, wakarudi nyumbani wakitembea bega kwa bega. Upatanisho ulikuwa umekamilika. Kilichokosekana ni mtu wa kuwataja.

Mzee Micah alihamia kibanda cha mlinzi wa bohari la mizigo. Nabalayo alimpelekea chakula kila mchana. Aliweka bakuli juu ya jiwe, akarudi nyuma, akangoja amalize. Wajane wenzake, hivi ndivyo walivyokwisha kumhesabu, walisimama mbali wakimlinda asije akasogea.

Dalmas alikwenda huko siku moja kabla ya kesi. Alimkuta Mzee anashona kifungo cha shati, amefumba jicho moja ili aione sindano.

"Keti, Dalmas. Au na wewe unaniogopa?"

"Siogopi." Alikaa karibu naye, karibu kuliko ilivyohitajika. "Mzee, kama ingejulikana kwamba ile habari ilikuwa ya uongo... yaani, kama aliyeitoa angesema..."

"Dereva wa lori la maziwa?"

"Eeh. Huyo."

"Habari ya uongo, mimi si niko hapa? Wanajua ni ya uongo. Odero ananiona kila asubuhi akifungua bohari. Ananisalimu kwa kofia, kutoka ng'ambo ya reli." Alikata uzi kwa meno. "Machozi ndiyo hayakuwa ya uongo. Hayo hayarudi jichoni."

Dalmas alifungua kinywa. Alikuwa na maneno yote, yamepangwa, tena kwa lugha mbili. Akasema, "Kesho ukiwataja mbele ya jaji, watakubali. Mbele ya mzungu hawatajali mambo ya mgomba."

"Kesho tutaona," alisema Mzee Micah, na kwa jinsi alivyomtazama, Dalmas aliona afadhali aondoke.

Korti ilijaa. Jaji alikuwa mwembamba, mwenye mafua. Kando yake alisimama mkalimani, Bwana Kosgei, mtu wa sauti kubwa aliyejivunia kwamba katika miaka yake yote hajaacha neno hata moja bila kulitafsiri, hata jaji alipopiga chafya. Wajane walikaa nyuma, Awuor katikati yao, mikono juu ya mapaja. Mbele, kwenye benchi moja, walikaa Odero na Kimaiyo. Mawakili wao wawili, wasiojua la kufanya na amani ile, walikaa pembeni kama watu waliokosa treni.

Mzee Micah alisimama kizimbani peke yake. Aliyekuwa karibu naye zaidi ni askari, na hata huyo, Mluhya kama Mzee, alikuwa amejisogeza hadi ukutani.

"Jaji anasema," Kosgei alinguruma, "anafurahi kukuona uko hai. Taja majina."

Mzee alitazama benchi lile moja. Hiki ndicho alichokiomba miaka miwili. "Namtaja Odero..."

"La!" Odero alikuwa amekwisha simama. "Bwana Jaji, mimi nina watoto wadogo. Sikatai kazi. Nakataa kutajwa. Alifute jina langu, tafadhali, alifute sasa hivi!"

"Namtaja Kimaiyo," alisema Mzee, taratibu zaidi.

Kimaiyo hakuruka. Alisimama polepole, akikunjakunja kofia. "Bwana Jaji, kwetu Wakalenjin hatuna habari hizo za mgomba. Mimi siogopi. Lakini watu wangu wote wa kinanda ni majirani wa Mzee huko kwao. Nikikubali, Jumapili nitampigia nani kinanda? Watoto wangu nani atawaoa? Nisamehe, Mzee wangu." Akaketi, akalia bila kujificha.

Jaji alipiga chafya. Kosgei akafikiri kidogo, akaiacha. Kisha jaji akaomba watu wengine wajitokeze, mwanamume yeyote wa kanisa lile. Wanaume walitazama viatu vyao. Mjane mmoja mzee aliinua mkono, na Nabalayo akauinua, na Awuor. Jaji alitikisa kichwa: hati ilisema wanaume, na tena wanaofaidika na wakfu hawawezi kuusimamia. Mikono ilishuka.

"Jaji anauliza," alisema Kosgei, "ili iandikwe tu, habari za kifo hiki zilitoka kwa nani?"

"Dereva wa lori la maziwa," watu kadhaa walijibu.

Mzee Micah alikohoa. "Lile tangazo nimehadithiwa na mke wangu. Yamo maneno eti niliyasema nikifa. Kwamba watakaa benchi moja siku nitakapokufa. Hayo maneno ni yangu kweli. Niliyasema mara moja, nikiwa juu ya lori, kwa mtu mmoja tu."

Dalmas, aliyekuwa amesimama karibu na dirisha, alihisi masikio yake yanawaka.

"Mtu gani? Jaji anasema umtaje."

Mzee aliinua macho, yakampata Dalmas mara moja, kana kwamba yalijua tangu kibandani mahali pa kumtafuta. Yakamwacha.

"Simtaji," alisema. "Mwambie Bwana Jaji aniwie radhi. Siku hizi mtu nikimtaja si vizuri. Na huyo bado ni mdogo."

Hapo ndipo Dalmas aliposogea mbele. Tumsifu kwa hilo, lakini tusimsifu sana, kwa sababu hata wakati ule alikuwa na ujanja mmoja uliobaki. Alisema kwa Kiingereza. Alijua mama yake hajui Kiingereza. Alimtazama jaji, akanyoosha mgongo kama walivyofundishwa, akaanza kwa sauti yake ya matangazo, akisema kwamba kwa majuto makubwa na kwa unyenyekevu usio na kifani...

"Anasema kwa majuto makubwa na kwa unyenyekevu usio na kifani!" Kosgei alinguruma kwa Kiswahili, hadi madirishani.

Dalmas alisita. Alikuwa amewasahau wakalimani. Alishusha sauti, Kosgei hakushusha ya kwake.

"Anasema hakukuwa na dereva wa lori la maziwa! Anasema tangazo alilitunga mwenyewe kitandani! Anasema alitaka wazee wapatane, na alitaka pia kucheka kidogo!"

Hakuna aliyefanya kelele. Alitamani wangefanya. Akaendelea kwa haraka, akimwomba jaji aone kwamba kwa kuwa kifo kilikuwa mzaha, basi hata kilio kilikuwa mzaha na kaburi vilevile, na kwa hiyo wazee wako huru kutajwa. Kosgei alitafsiri yote. Kwenye benchi, Odero aliyasikiliza hadi mwisho, akatikisa kichwa kwa huruma.

"Mwanangu," alisema, "mimi nililia kweli."

"Basi nitaje mimi!" Dalmas alimgeukia Mzee, na safari hii Kiingereza kilimtoroka. "Mimi siogopi, Mzee. Nitaje!"

"Usimtaje!" Awuor alikuwa amesimama kwenye viti vya nyuma. "Mzee, nakuomba, usimtaje mwanangu!"

Mzee Micah alifumba kinywa chake kwa kiganja, kama mtoto aliyekatazwa kusema.

Jaji aliuliza umri wa kijana. Kumi na sita. Sheria, alisema, haimruhusu mtoto kuwa mdhamini. Tena hata angekuwa mtu mzima, hati ilitaka wawili. Kuhusu uongo wenyewe, hakukuwa na kesi mbele yake, na shule bila shaka ina kiboko. Kisha akasoma amri, kwa sauti ya mafua, na Kosgei akaitafsiri bila kuacha neno: wakfu umekosa wadhamini, ploti na kilicho juu yake virudi Manispaa, wajane wahame kabla mwezi mmoja haujaisha. Ni maneno yaleyale ya Reli. Wajane waliyajua, wakaanza kuokota vikapu vyao kabla hayajamalizika.

Nje, juani, Odero na Kimaiyo walikuwa wakisaidiana kumshusha Nabalayo ngazi za korti. Mzee Micah alishuka nyuma yao, peke yake, akiwaacha watangulie.

Awuor alingoja hadi Dalmas alipomfikia. Macho yake yalikuwa makavu.

"Yule mtu mwenye sauti kubwa," alisema, "wakati mwingine wakalimani hukosea."

Alikuwa anampa mlango. Dalmas aliuona, umefunguliwa wote, na ng'ambo yake hadithi nzuri sana ikaanza kujitunga yenyewe: dereva, lori, Kiingereza kigumu. Mbele yao, ng'ambo ya barabara, treni ya kwenda magharibi, upande wa kijiji cha shemeji, ilikuwa ikipuliza moshi.

"Hakukosea, Mama. Ni mimi. Nilitunga, nikasoma mara mbili. Bibi Nabalayo alipoanza kulia ningeweza kumwambia, sikumwambia. Jana nilikwenda kumwambia Mzee, nikashindwa. Na leo nimesema kwa Kiingereza ili wewe usisikie."